Mezani kwa Masele Jiwe Halirudiwi

Ukifika Kahama leo ukauliza lilipo duka la dhahabu la Masele, pale Nyahanga, utaonyeshwa bila taabu, na kabla hujafika utakuwa umeshasimuliwa kwamba binti yake ni mwizi. Watakusimulia hata kama hukuuliza. Watu wetu wana ukarimu wa namna hiyo. Watasema Eufrasia alipewa kila kitu na baba yake, akalelewa juu ya dhahabu, na bado tamaa ikamkaba. Watasikitika kidogo, watatikisa kichwa, kisha watakuuliza unanunua pete ya nani.

Kisa chenyewe kilianza kabla yeye hajazaliwa, na kilianza na jiwe.

Mzee Masele Maduhu, baba yake, ni mtu wa Samuye, mtoto wa watu wa ng'ombe. Ujanani alitumwa Shinyanga mjini kupeleka ngozi sokoni, akapita dirishani kwa sonara mmoja wa Kihindi, akasimama kutazama mkufu unavyoungwa, na ngozi zikamchachia begani. Kesho yake alirudi kuomba kazi. Alipewa ufagio. Na kufagia kwa sonara si kazi ya kudharau, maana vumbi la sakafu halitupwi, huoshwa kama mchanga wa mtoni, na anayefagia ovyo anatupa dhahabu ya watu. Alifagia miaka miwili, akafua waya miaka minane. Ndugu zake kule Samuye walimcheka mpaka wakachoka: mwanamume mzima anakunja mgongo kutwa nzima akitengeneza vya kuvaa wanawake! Yeye aliendelea kufua. Alipoanza kazi yake mwenyewe, katika vyumba viwili vya kupanga mtaa wa Kambarage, ndugu wale wale walikuja kuagiza hereni za wake zao, na aliwauzia kwa bei ya watu wote.

Kilichompa jina ni jiwe la kupimia. Ni jiwe jeusi, laini, linaloenea kiganjani. Unasugua dhahabu juu yake, inaacha mchoro mwembamba, kisha unadondosha tindikali. Dhahabu nzuri mchoro wake hubaki. Dhahabu iliyojaa shaba mchoro wake hufifia mbele ya macho yako, na kwa jinsi unavyofifia, mjuzi anakuambia ni karati ngapi. Mzee Masele aliangalia mara moja tu, akataja namba, na namba hiyo ndiyo iliyogongwa kwenye pete pamoja na herufi M. Watu wa madini walipoanza kuja na mizani zao na mashine zao, walimjaribu kwa siri, na kila mara walikuta mzee amesema kweli.

Kutokana na hapo ikazaliwa sheria ya nyumba ile: jiwe halirudiwi. Mzee akishasema, amesema. Enzi za vile vyumba vya mtaa wa Kambarage palikuwa na fundi mmoja aliyerudia kupima pete nyuma ya mgongo wake. Akapata namba ile ile aliyoitaja mzee. Hata hivyo kabla ya adhuhuri alikuwa barabarani na nyundo zake mkononi. Kosa lake, alisema mzee, halikuwa jibu alilopata. Kosa lilikuwa kuuliza.

Eufrasia alizaliwa mwaka sabini na nane katika kimojawapo cha vyumba vile viwili. Alitambaa chini ya meza ya kazi, na harufu ya tindikali aliijua kabla ya harufu ya sabuni. Lakini duka halikuwa lake. Lilikuwa la kaka yake Athanas. Familia ilipohamia Kahama, baada ya migodi mikubwa kufunguliwa, mzee aliandikisha kibao cha mlangoni: MASELE NA MWANA. Kila mtu alijua mwana ni yupi. Aliyekuwa hajui, au alijifanya hajui, ni Athanas mwenyewe, ambaye tindikali ilimtia kichefuchefu, na ambaye siku moja alikwenda Dar es Salaam kumsalimia mjomba na mpaka leo anamsalimia. Huja Krismasi, hula, hupiga picha, huondoka.

"Shikashika hapa kwanza," mzee alimwambia Eufrasia, aliyekuwa amemaliza kidato cha nne akisubiri nafasi ya ualimu. "Shikashika mpaka kaka yako arudi."

Hiyo "kwanza" ilichukua miaka ishirini na saba.

Alishikashika mpaka duka likawa jingine. Yeye ndiye aliyeweka vioo na taa zinazoangaza kutoka chini. Yeye ndiye aliyebuni visanduku vya mahameli nyekundu, na seti ya bibi harusi ambayo mikufu yake hushuka ngazi tatu. Alifungua tawi Geita, na wenye mashimo ya dhahabu wakamjua: mtu akipiga dhahabu Jumatatu, Alhamisi mkewe yuko Nyahanga akivuliwa viatu na kuletewa soda. Wafanyabiashara wa ng'ombe, makarani wa mgodi, wachungaji, wote walipita pale. Kukawa na msemo mjini kwamba nguo ya harusi utaazima, lakini dhahabu ya Masele huazimi. Mumewe, Pantaleo, aliyekuwa dereva wa mgodini, alilalamika miaka mingi kwamba ameoa duka, kisha akapata nyumba nyingine huko huko alikokuwa akiendesha magari. Eufrasia alilia wiki mbili, akafungua duka siku ya kumi na tano. Akabaki na binti yao mmoja, Wema.

Mzee alimkabidhi funguo alipofika umri wa miaka sabini. Kibao hakukibadilisha. Na jiwe hakulitoa. Mauzo, mafundi, safari za Mwanza, wateja wakubwa na wadogo, vyote vilikuwa vya Eufrasia; lakini dhahabu yoyote chakavu iliyoletwa kuuzwa au kufanyizwa upya, na duka lile lilikula hasa dhahabu hiyo, ilipitia kwanza meza ndogo ya pembeni alikokaa baba yake na kofia yake ya sufu. Alisugua, alidondosha, alitaja. Binti alipokea namba kama anavyopokea baraka.

Aliyeanza kushtuka ni Marselino, fundi mkuu, mtu wa maneno machache aliyekuwa ameketi kwenye fuawe ya nyumba ile tangu nywele zake ziko nyeusi. Miaka minne iliyopita alimfuata Eufrasia kaunta akiwa na kipande cha bangili kiganjani.

"Mama Wema, hii dhahabu inakataa nyundo. Angalia pembeni inavyopasuka."

"Mzee amepima?"

"Amepima. Kasema ishirini na mbili."

"Basi."

Marselino akarudi kwenye fuawe. Kama unamtafutia Eufrasia dhambi, mtafutie hapo, kwenye neno "basi". Alikuwa na macho, alikiona kile kipande, na kuna sauti ndani yake ilimwambia kitu. Akaizima kwa sababu ilikuwa saa nne asubuhi, wateja wamejaa, na mezani kwa Masele jiwe halirudiwi. Mwenye macho haambiwi tazama, wanasema, lakini yeye aliambiwa na bado hakutazama.

Dalili nyingine ilikuja siku ya mahafali ya Wema chuoni Mwanza. Eufrasia alivaa gauni jeupe pe, la kushonesha. Mzee alimshika mkono wakati wa picha, akamwambia kwa furaha, "Umependeza na hiyo njano, ng'wanone, mwanangu." Wote wakacheka. Mzee ana utani siku hizi! Marselino, aliyekuwa amealikwa kama mtu wa nyumbani, hakucheka.

Mwaka jana, baada ya mvua za mwanzo, akaja Bi Mwanaima kutoka Geita.

Huyu alikuwa mteja wa miaka mingi, mke wa mtu mwenye mashimo mawili, na safari hii alikuja akiwa mjane, eda imeisha wiki ile. Hakutaka soda. Aliomba wakae ndani, kwenye chumba cha nyuma, akafungua mkoba na kuweka mezani bangili mbili nene zenye M.

"Mama Wema, unazikumbuka?"

"Nazikumbuka. Alikununulia marehemu, miaka miwili iliyopita."

"Tumefanya hesabu ya mirathi. Kila kitu cha marehemu kikapelekwa kupimwa, na mimi nikatoa hizi kwa mkono wangu, ili wasije wakasema nimeficha. Mashine inasema kumi na nne." Alizisogeza karibu na Eufrasia. "Shemeji zangu wanasema haiwezekani. Masele hauzi kumi na nne. Kwa hiyo mimi ndiye nimeuza zile halisi nikatengenezesha hizi wakati mume wangu yuko kitandani anakata roho."

Eufrasia alizichukua bangili. Zilikuwa kazi ya Marselino. Aliutambua mkono wake kwenye kifungo.

"Sitaki unirudishie chochote," Mwanaima aliendelea. "Nataka uje Geita Jumapili, ukae mbele yao, useme zilitoka kwako hivi. Wanangu wanalala nyumba moja na watu wanaomwita mama yao mwizi. Ni hilo tu, dada yangu."

Mzee alikuwa amekwenda kupumzika, kama kawaida yake baada ya chakula cha mchana. Mwanaima alipoondoka, Eufrasia alifunga mlango wa mbele mchana kweupe, jambo ambalo halijapata kutokea isipokuwa kwa msiba, akamwita Marselino, na kwa mara ya kwanza katika nyumba ile jiwe likarudiwa. Walipima bangili. Walipima trei ya pete za ndoa. Walipima mikufu iliyokuwa dirishani. Eufrasia aliitazama michoro ikififia mmoja baada ya mwingine, si yote, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi, maana hapakuwa na njia ya kujua nzuri ni ipi mpaka uirudie kila moja. Na kila moja ilikuwa na M, na kila moja ilikuwa na namba ileile.

"Mama yangu alipata mtoto wa jicho," Marselino alisema, akifuta jiwe. "Ugonjwa haukuja kama giza. Ulikuja kama mafuta ya mawese. Dunia yote ilikuwa ya njano kwake na mwenyewe hajui. Alinisifia shati langu jipya la njano, na mimi nimevaa jeupe."

Eufrasia akakumbuka gauni. Akaketi.

"Umejua tangu lini?"

"Tangu siku ile nilipokuletea kipande, nilishuku. Siku ya mahafali nikajua."

"Na ukanyamaza!"

"Wewe ulisema basi." Hakusema kwa ukali. "Wauzaji wa dhahabu chakavu nao wamejua, Mama Wema. Unadhani kwa nini wanapita maduka yote ya Mwanza na Geita kuja hapa? Wamejua kabla yako. Duka limewalipa bei ya ishirini na mbili miaka mitatu. Hakuna aliyeiba hapa ndani. Tumeibiwa, na tumewaibia watu."

"Nitafanya nini?"

"Mwambie mzee."

Rahisi kusema. Lakini hebu fikiri. Mzee yule alikuwa na miaka themanini na mmoja. Mkewe amekufa, ng'ombe hana, mwanawe wa kiume amemkimbia. Alichobaki nacho duniani ni kwamba akitazama mara moja anajua. Kila asubuhi aliamka kwa ajili hiyo. Madaktari wa macho walipokuja wilayani kupima wazee bure, alikataa kwenda: jicho la sonara, alisema, halichezewi. Eufrasia alimfuata nyumbani jioni ile akiwa na maneno yote tayari mdomoni. Akamkuta barazani.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Leo nimesikia mlango umefungwa mchana."

"Tulikuwa tunasafisha vioo, baba."

Akamwandalia uji, akaondoka. Alijichukia njia nzima. Akajiambia: nimalize kwanza la Mwanaima, kisha nimshawishi mzee akatibiwe, kisha aone mwenyewe bila kuambiwa na mtu. Alipanga vizuri sana. Mipango ya mwoga huwa mizuri siku zote.

Jumapili ikafika. Sebule ya marehemu ilikuwa imejaa wanaume, shemeji wakubwa wawili wameketi kwenye makochi, Mwanaima chini kwenye mkeka pamoja na wanawe. Eufrasia alitoa salamu za rambirambi, kisha akasema alichokuja kusema: kwamba bangili zile zilitoka dukani kwake zikiwa hivyo hivyo, kwamba kosa ni la duka, kwamba Bi Mwanaima hana hatia, na kwamba watapewa nyingine za karati halali. Alifikiri yameisha. Mwanaima alikuwa tayari analia kwa kufarijika.

Shemeji mkubwa akakohoa. "Tumekusikia, mama. Lakini tuelewe. Ni nani aliyezipima? Ni Mzee Masele mwenyewe? Maana kama jicho la Masele limekufa, tuambiane. Sisi hapa tumeoza mabinti wanne kwa jicho lile. Kanda nzima hii imevaa jicho lile."

Eufrasia akamwona akilini baba yake kwenye meza yake ndogo na kofia yake ya sufu, akisubiri kuletewa kitu cha kutaja.

"Hapana," akasema. "Nilipima mimi."

Ulimwengu wa simu una miguu mirefu. Alipofika Kahama asubuhi ya Jumatatu, habari ilikuwa imeshakunywa chai. Mzee alimsubiri dukani, amesimama, fimbo mkononi, mafundi wameinamisha vichwa. Marselino peke yake alikuwa anamtazama machoni.

"Nimepigiwa simu na watu watatu," mzee alisema. "Wanasema umekiri mbele ya wafiwa kwamba unapima dhahabu hapa. Wewe."

"Ndiyo, baba."

"Bangili za mke wa yule mtu wa Geita." Alifumba macho yake yasiyoona. "Nazikumbuka. Zilitoka kwenye mkufu mkuukuu, ulioletwa umefungwa kwenye leso. Nilipima mimi, Eufrasia, kwa mkono huu. Ilikuwa dhahabu safi kabisa. Sasa zimekuwaje kumi na nne?"

Hapo ndipo palikuwa na njia panda. Njia moja ilisema: baba, ulikosea, na umekosea miaka mitatu, na sote tulikuwa tunakutazama. Nyingine ilikuwa neno moja tu. Marselino alitikisa kichwa polepole, kumsihi. Eufrasia alimtazama baba yake, akaona kwamba mzee tayari alikuwa anaogopa jibu. Akashindwa.

"Nilibadili, baba. Baada ya wewe kupima."

Hakumpiga. Ingekuwa nafuu. Alishusha pumzi, na mimi nasema kwa uchungu kwamba pumzi ile ilikuwa ya ahueni. Binti mwizi alikuwa mzigo mwepesi kwake kuliko jicho lililokufa. Alinyoosha kiganja, na Eufrasia akaweka hapo funguo zote, za duka, za sefu, za tawi la Geita, na kile chuma kidogo cha kugongea M.

"Nilingoja mwanamume," mzee alisema, "nikampa mwanamke. Hilo ni kosa langu. Nenda nyumbani."

Marselino alifungasha nyundo zake siku hiyo hiyo. Alipita kwa Eufrasia kuaga, akakataa kuketi.

"Umemwokoa mzee au umemmaliza?" aliuliza mlangoni. "Kesho atakaa tena mezani, na safari hii hana hata mmoja wa kumzuia."

"Baki wewe basi. Uwe unarekebisha kimyakimya."

"Nimenyamaza miaka mitatu, Mama Wema. Mdomo wangu umeota kutu." Akaenda zake kwao, na simu yake haipokewi.

Mzee alirudi kazini kama mtu aliyenyweshwa dawa. Watu waliomwona wiki ile wanasema alinyooka mgongo. Alimpigia Wema simu Mwanza, alikokuwa akitafuta kazi ya benki, akamwambia aje mara moja kwa sababu nyumba imeungua na wa kuzima ni yeye. Wema akaja. Hakupita kwa mama yake. Alituma ujumbe mfupi kwamba ana aibu, na kwamba watazungumza baadaye. Eufrasia aliusoma ujumbe ule mpaka kioo cha simu kikazima chenyewe. Angemjibu nini? Kwamba mama yake si mwizi, ila ni mwongo? Kwamba babu yake haoni? Aliandika, akafuta, akaandika, akafuta. Mwishowe akamjibu: Msaidie babu.

Na mzee akatoa tangazo. Lilisomwa redioni na kubandikwa mlangoni: kila aliyenunua dhahabu dukani kwa Masele miaka ya usimamizi wa binti yake ailete, Mzee Masele mwenyewe ataipima bure, na iliyochezewa itabadilishwa. Mji ukasifu. Uungwana gani huo! Mzazi anayesafisha uchafu wa mwanawe kwa mikono yake. Padri aliugusia kwenye mahubiri bila kutaja jina, na kila mtu akageuka kutazama benchi alilozoea kukaa Eufrasia, ambalo lilikuwa tupu.

Jumamosi ya kwanza foleni ilifika barabarani. Eufrasia alikuwa ameapa hatakwenda. Lakini saa tano hivi jirani yake, mke wa fundi magari, alirudi akiimba. Alikuwa amepeleka pete yake ya ndoa. "Nzuri, Mama Wema! Ishirini na mbili, babu kasema. Hii hukuigusa, eeh?" Akacheka, akaona haya, akaingia ndani. Eufrasia aliijua pete ile. Iliyeyushwa pamoja na pete za ile trei waliyoirudia na Marselino, zile zilizofifia. Ilitoka dirishani wiki mbili kabla ya mambo kuharibika, aliichagua mume wa jirani huyo mwenyewe. Haikuwa ishirini na mbili, wala haikukaribia.

Akajifunga kitenge, akaenda.

Walimpisha pale mlangoni kama wanavyompisha mtu mwenye ugonjwa. Ndani, mzee alikuwa amehamishia meza yake katikati ya duka, chini ya taa, ili watu waone. Wema alisimama kulia kwake, na kitambaa na chupa ya tindikali. Wema alilijua jiwe vizuri. Marselino alimfundisha kulisoma tangu ana miaka kumi, akishinda dukani wakati wa likizo. Mbele yao aliketi mwanamke mmoja wa makamo, mkulima kwa mavazi yake, na hereni mbili kwenye kikaratasi.

Mzee alisugua. Wema akadondosha. Eufrasia alikuwa hatua tatu tu kutoka pale, na aliona kila kitu. Mchoro ulichemka kidogo, ukawa kijani, ukapauka, ukaisha. Jiwe likabaki jeusi na maji yake juu.

"Hii nzuri," mzee alisema. "Ishirini na mbili. Hii hakuigusa."

Foleni ikanong'ona kwa kuridhika. Macho ya Wema yalibaki juu ya jiwe, na kitambaa kikabaki mkononi.

"Baba," akasema. Sauti ilitoka kubwa kuliko alivyotaka. "Si nzuri hiyo. Mchoro umekwisha. Baba, huoni. Huoni miaka mitatu sasa. Sikubadili kitu mimi, nilidanganya. Ni macho, baba. Yanatibika."

Mtu mmoja kwenye foleni akasema, "Loo! Sasa anamsingizia mzazi." Mwingine akamwitikia. Mzee hakugeuka. Aliweka vidole vyake kando ya jiwe, akavipanga kwa utulivu, kama mtu anayeshika ukingo wa kitu asije akaanguka.

"Wema," alisema. "Mama yako anasema sioni. Wewe una macho ya ujana, na unalijua jiwe. Waambie watu hawa. Mchoro umebaki au umekwenda?"

Wema alimtazama mama yake. Haikuwa kwa muda mrefu, lakini ilitosha kwa Eufrasia kuona kwamba mtoto ameelewa yote, tangu Geita mpaka hapo. Kwamba sasa anajua mama yake si mwizi na hajawahi kuwa. Kisha akamtazama babu yake, kofia yake, mkono wake kando ya jiwe.

"Umebaki, Babu," alisema, na akapitisha kitambaa juu ya jiwe kabla mwanamke yule hajainama kuangalia.

"Wabeja, Babu," mwanamke akashukuru, akizifunga hereni zake kwenye kikaratasi kwa uangalifu. Mzee akamwita anayefuata.

Eufrasia hakumkasirikia binti yake. Angemkasirikiaje? Huo ndio urithi aliomwachia.